Jicho la Nani, Ulimi wa Nani? Msimulizi na Hadhira katika Kazi ya Mohamed Amin

Utangulizi

Mhakiki wa fasihi anapogeukia filamu za hali halisi, yamkini ataulizwa ana nini na kazi ya wapiga picha. Jibu letu ni kwamba filamu ya hali halisi ni masimulizi. Ina mwanzo, kati na mwisho. Ina wahusika na mandhari. Ina mtu aliyeamua tuanze kwa kuona nini, tumalizie kwa kuona nini, na nini kisionekane kabisa. Kwa hivyo haiwezi kuyakwepa maswali ambayo tumezoea kuyauliza tunaposoma riwaya au tunaposikiliza ngano: ni nani anayesimulia? Anamsimulia nani? Na yule ambaye habari zake zinasimuliwa ana nafasi gani katika masimulizi hayo?

Katika makala haya tunanuia kuyaelekeza maswali hayo kwa Mohamed Amin (1943–1996), mpiga picha na mtengenezaji filamu mzaliwa wa Nairobi ambaye hakufundishwa kazi hiyo katika chuo chochote. Mengi yamesemwa kuhusu ushujaa wake. Machache yamesemwa kuhusu kazi yake kama matini. Hoja yetu ni kwamba Amin alijipatia karibu kila kitu ambacho msanii wa kujitegemea hukitafuta: ufundi wake mwenyewe, vifaa vyake mwenyewe na kampuni yake mwenyewe. Kitu kimoja hakukipata katika kazi iliyompa sifa kubwa kuliko zote, nacho ni ulimi. Katika filamu ya njaa ya Ethiopia ya mwaka 1984, jicho lilikuwa lake, lakini usimulizi ulikuwa wa mwingine na hadhira ilikuwa ya kwingine. Tunadai kwamba mgawanyiko huo haukuwa jambo la bahati mbaya. Ulitokana na mfumo mzima wa uzalishaji na uuzaji wa picha za Afrika, na athari zake tungali tunaziona.

Wahenga walisema Mgala muue na haki umpe. Tutajitahidi kumpa Amin haki yake kabla ya kumhoji, na baada ya kumhoji pia.

Mwanafunzi asiye na mwalimu

Amin alizaliwa mtaa wa Eastleigh, Nairobi, katika familia yenye asili ya Punjab ambayo baba yake alikuwa mfanyakazi wa reli. Kazi hiyo ya reli ndiyo iliyowapeleka Dar es Salaam, na huko ndiko alikokulia. Alianza kupiga picha akiwa mwanafunzi wa shule, kwa kamera ya Box Brownie iliyokwisha kutumiwa na mtu mwingine. Mwaka 1963, akiwa kijana wa miaka ishirini hivi, alianzisha kampuni ya Camerapix. Mwaka uliofuata Mapinduzi ya Zanzibar ya tarehe 12 Januari 1964 yakampa kazi ambayo mashirika ya habari ya ng'ambo yalikuwa tayari kuinunua. Zanzibar hiyo hiyo ikamwonjesha bei ya kuona: mwaka 1966 alikamatwa huko, akafungwa gerezani kwa takriban wiki nne, kisha akafukuzwa Tanzania. Akahamia Nairobi, na kuanzia hapo Nairobi ikawa makao yake makuu.

Historia hii fupi inatuonyesha mambo mawili yanayohusu fani. La kwanza ni kwamba mtu anayejifundisha mwenyewe hufundishwa na kitu fulani hata kama si mwalimu. Amin alifundishwa na soko. Picha iliyonunuliwa ndiyo iliyokuwa picha nzuri. Picha iliyochelewa kufika uwanja wa ndege haikuwa picha kabisa. Sifa kuu za mtindo wake zinatokana na shule hiyo: kusogea karibu sana na tukio, kufika kabla ya wengine, na kuipanga picha ili ieleweke mara moja hata na mtu asiyejua lolote kuhusu mahali palipopigwa. Sifa ya mwisho ina umuhimu mkubwa kwetu. Picha inayoeleweka na mtu asiyejua lolote ni picha inayoweza kufungwa maneno yoyote.

La pili ni kwamba kujitegemea kwake kulikuwa na mipaka. Alimiliki nyenzo za uzalishaji, lakini hakumiliki njia za usambazaji. Kwa miaka mingi alifanya kazi na Visnews, shirika la picha za habari lenye makao yake London. Kamera ilikuwa Afrika. Meza ya kuchagulia na kuuzia picha ilikuwa Ulaya. Mvuvi mwenye ngalawa yake ni mtu huru baharini, lakini akifika pwani bei hupangwa na mnunuzi.

Mboya, 1969: picha yenye jina

Kabla ya kuifikia Ethiopia, hatuna budi kutazama kazi moja iliyotangulia, kwani ndiyo itakayotusaidia kulinganisha. Tarehe 5 Julai 1969 Tom Mboya alipigwa risasi katika barabara iliyokuwa ikiitwa Government Road, ambayo leo ni Moi Avenue, jijini Nairobi. Amin alifika upesi, akaingia ndani ya ambulensi na kuendelea kupiga picha huku watu wakihangaika kuyaokoa maisha ya waziri huyo. Kazi yake ilimpatia tuzo ya mpiga picha bora wa televisheni nchini Uingereza ya mwaka huo wa 1969.

Macho hayana pazia, lakini adabu huwa nalo, na wapo watakaouliza kama ilifaa kamera iwepo pale. Swali ni la haki. Hata hivyo, picha hizo hazikumnyang'anya Mboya ulimi wake. Mkenya aliyeziona alimjua aliyelala pale kwa jina, kwa sauti, kwa hotuba, kwa siasa zake na kwa maadui zake. Picha ya kifo chake iliwekwa kando ya maneno mengi aliyokuwa amekwisha kuyasema mwenyewe. Ndiyo maana haikuzaa huruma tupu. Ilizaa maswali: nani ameua, nani ametuma, na kwa nini? Jiji zima liliyauliza. Hadhira yenye habari haihitaji msimulizi wa kuiambia inatazama nini. Huijibu picha, kama vile wasikilizaji wa ngano wanavyoitikia “pakawa” pale fanani anapotamka “paukwa”. Kuitikia huko ndiko kunakoifanya ngano kuwa mali ya wote waliokaa barazani.

Korem, 1984: picha isiyo na jina

Miaka kumi na mitano baadaye, mnamo Oktoba 1984, Amin aliingia kaskazini mwa Ethiopia pamoja na wanahabari wa BBC, Michael Buerk wa televisheni na Mike Wooldridge wa redio. Filamu yao ya kwanza kutoka Korem, yenye urefu wa takriban dakika saba, ilionyeshwa na BBC tarehe 23 Oktoba 1984. Inakadiriwa kwamba vituo 425 vya televisheni ulimwenguni viliirusha. Kutokana nayo, wanamuziki wa Uingereza walirekodi wimbo wa Band Aid mwishoni mwa mwaka huo, na tarehe 13 Julai 1985 yakafanyika matamasha ya Live Aid mjini London na Philadelphia.

Tunapendekeza filamu hii itazamwe mara mbili: mara ya kwanza bila sauti, mara ya pili pamoja na sauti yake. Bila sauti, tunaona alfajiri. Ukungu na moshi vimetanda juu ya uwanda. Kamera inageuka polepole, nasi tunatambua kwamba yale tuliyodhani ni mawe na vichaka ni watu waliojikunyata, wamejitanda shuka, maelfu kwa maelfu, mpaka mwisho wa upeo wa macho. Kisha kamera inashuka na kusogea. Tunaona nyuso moja moja. Tunaona maiti waliofungwa ndani ya nguo na kulazwa chini, miongoni mwao mama na mtoto wake mchanga waliofungwa pamoja. Kamera haitikisiki wala haikimbii. Inakaa kwa kila uso muda wa kutosha kwa uso huo kututazama nasi.

Tukiwasha sauti, filamu inabadilika. Tunamsikia Buerk kwa Kiingereza kilichopimwa vizuri, akiifananisha hali ile na njaa ya nyakati za Biblia na akiikaribisha taswira ya jahanamu duniani. Maneno yake ni ya kifasihi, na hatusemi kwamba ni mabaya. Tunasema kwamba yanafanya kazi tatu zinazostahili kuchunguzwa.

Kwanza, yanaiondoa njaa katika historia na kuitia katika maandiko. Njaa ya Biblia haina waziri wa ulinzi. Huteremka kama gharika. Njaa ya Ethiopia ilikuwa na ukame ndani yake, lakini pia ilikuwa na vita: serikali ya Mengistu Haile Mariam ilikuwa ikipigana na wapiganaji wa Tigray na Eritrea, na mbinu zake za kijeshi zilivuruga kilimo, masoko na njia za chakula. Serikali hiyo hiyo, mnamo Septemba 1984, ilikuwa imesherehekea kwa shangwe miaka kumi ya mapinduzi yake. Mambo haya, ambayo kwa hadhira yenye habari yangekuwa ndiyo kiini cha kisa, yalipewa nafasi finyu mno.

Pili, maneno yanagawa haki ya kusema. Katika filamu hiyo anazungumza mwanahabari, na anazungumza daktari Mzungu anayehudumia kambi. Wenye njaa hawazungumzi. Wahenga walisema asiyekuwepo na lake halipo. Hapa tunakutana na hali ambayo methali hiyo haikuitarajia: waliopo wamejaa kila pembe ya kioo, na bado lao halipo. Hatuambiwi wanaitwa nani, wametoka vijiji gani, waliacha nini nyuma, wanamlaumu nani.

Tatu, maneno yanaichagua hadhira. Msimulizi anazungumza na mtu aliyeketi sebuleni mwake Uingereza, ambaye huenda akatoa pesa. Huyo ndiye nafsi ya pili ya filamu hii. Mtu wa Korem ni nafsi ya tatu tangu mwanzo mpaka mwisho, hata pale anapotutazama machoni.

Umati wa Makka na umati wa Korem

Je, Amin mwenyewe alikuwa na njia nyingine ya kuona? Tunaamini alikuwa nayo, na ushahidi umo katika kazi yake nyingine. Mwaka 1978 kilichapishwa kitabu chake cha picha kuhusu hija, Pilgrimage to Mecca. Humo pia mna umati: umati unaoizunguka Al-Kaaba, umati uliosimama Arafa, watu wa kila rangi waliovaa nguo nyeupe zisizoshonwa, ambazo kwa Mwislamu humkumbusha sanda. Ni picha za mtu anayeelewa anachokitazama. Hakuna anayewaona mahujaji wale kama kundi la kuhurumiwa, kwa sababu kila mmoja wao anajulikana kuwa na nia. Bila nia hija haisihi. Mtazamaji anayejua hilo huuona umati ule kama mamilioni ya maamuzi yaliyokutana mahali pamoja.

Tukirudi Korem tukiwa na picha hizo akilini, alfajiri ile hujisoma upya. Jicho lililopanga uwanda wa Korem ni lile lile lililokuwa limepanga uwanda wa Arafa: kimo kile kile cha kamera, heshima ile ile kwa watu waliojifunika nguo. Hatudai kwamba Amin aliukusudia mfanano huu. Tunadai kwamba umo katika matini, na kwamba unafungua mlango ambao maelezo ya Buerk yaliufunga. Watu wa Korem nao walikuwa na nia. Hawakuota pale uwandani kama uyoga. Wengi walitembea kwa siku kadhaa, wakiwa wameamua nani abebwe, nani aachwe, nini kiuzwe njiani. Kila familia ilifika pale kwa uamuzi. Picha zinauonyesha uchovu wa uamuzi huo nyayoni na mabegani mwao. Maneno yanatuambia tu kwamba wanakufa.

Itapingwa kwamba Arafa nayo ni taswira ya kidini, hivyo kumtoa mtu katika Biblia na kumtia katika Hija si kumrudisha katika historia. Pingamizi hilo tunalikubali kwa kiasi. Tofauti ni kwamba taswira ya hija humpa mtu kitendo, ilhali taswira ya gharika humpa mateso tu. Na pale penye kitendo, ndipo panapowezekana kuuliza sababu.

Utetezi na mipaka yake

Utetezi wa Amin ni mzito, nasi hatuna budi kuueleza kikamilifu. Bila filamu ile, watu wengi zaidi wangalikufa. Picha ziliamsha misaada ambayo ripoti zilizotangulia hazikuweza kuiamsha. Mtu anayefika mahali ambapo watoto wanakufa mbele yake hana wasaa wa kujadili nafsi ya pili na nafsi ya tatu. Zaidi ya hayo, lau si mtu wa eneo hili, mwenye uzoefu wa miaka ishirini wa kubisha hodi katika ofisi za serikali za Afrika, kamera isingalifika Korem kwa wakati.

Yote hayo ni kweli. Lakini Ethiopia yenyewe ilikuwa imekwisha kutupa funzo kuhusu picha zisizo na ulimi wao. Mwaka 1973 mwanahabari Mwingereza Jonathan Dimbleby alitengeneza filamu kuhusu njaa ya Wollo. Mnamo Septemba 1974, wanajeshi waliokuwa wakijiandaa kumwondoa Haile Selassie waliirusha filamu hiyo kwenye televisheni ya Ethiopia, huku wameichanganya na picha za karamu za kifalme. Picha zilizoonyeshwa Uingereza ili kuomba msaada zilitumiwa Addis Ababa kuangusha kiti cha enzi. Wenye njaa hawakuulizwa mara ya kwanza wala mara ya pili. Wanajeshi hao ndio walioasisi serikali iliyokuwa madarakani njaa ya 1984 ilipofika.

Funzo ni kwamba huruma inaweza kuokoa maisha bila kumrudishia mtu nafasi yake katika kisa chake. Mambo hayo mawili hayapingani, wala moja halifuti deni la jingine. Amin alifanikiwa katika la kwanza kuliko mpiga picha mwingine yeyote wa kizazi chake. Katika la pili, hata filamu ndefu aliyoitengeneza kuhusu njaa hiyo hiyo, African Calvary, ilibeba jina linalotokana na mlima wa kusulubiwa kwa Yesu. Mwislamu wa Eastleigh alikuwa amekwisha kujifunza lugha ya hadhira yake. Hatumlaumu kwa kuijua lugha hiyo. Tunasikitika kwamba soko halikumdai nyingine.

Mwisho wa msimulizi

Mwezi Juni 1991, mlipuko wa ghala la silaha mjini Addis Ababa ulimkata Amin mkono wa kushoto na kumuua John Mathai, mwenzake aliyekuwa akirekodi sauti. Amin alirudi kazini akiwa na mkono wa bandia. Hadithi ya mkono huo imesimuliwa mara nyingi. Kifo cha Mathai hutajwa kwa sentensi moja. Tunalitaja hapa kwa sababu linahusu hoja yetu: katika filamu, mtu wa sauti ndiye husahaulika kwanza.

Tarehe 23 Novemba 1996, ndege ya shirika la Ethiopia aliyokuwa akisafiria kutoka Addis Ababa kuja Nairobi ilitekwa, ikaishiwa mafuta na kuanguka baharini kando ya kisiwa cha Ngazija. Watu 125 kati ya 175 walikufa, Amin akiwa mmoja wao, pamoja na Brian Tetley, mwandishi aliyekuwa ameandika wasifu wake mwaka 1988. Mtalii aliyekuwa ufuoni akiwa na kamera ndogo aliipiga picha ndege hiyo ikipasuka juu ya maji. Picha hizo zikazunguka dunia, na katika kila nchi zikafungwa maneno ya msomaji habari wa huko. Mtu aliyetumia maisha yake kuwapiga wengine picha katika saa yao ya mwisho alipigwa picha katika saa yake na mtu asiyemjua, naye hakuwa na neno la kusema.

Miaka kumi baadaye, katika filamu ya Mo & Me (2006), mwanawe Salim Amin alikisimulia kisa cha baba yake kwa nafsi ya kwanza, akiyaeleza hata machungu ya mtoto ambaye baba yake alikuwa safarini daima. Hapo ndipo, kwa maoni yetu, ulimi uliporudi nyumbani. Picha nyingi katika filamu hiyo ni zile zile za zamani. Kilichobadilika ni msimulizi, na kwa kubadilika kwake picha zimebadilika maana.

Hitimisho

Tumejaribu kuonyesha kwamba kazi ya Mohamed Amin ni matini yenye nyuzi mbili, jicho na ulimi, na kwamba nyuzi hizo hazikusokotwa na mtu mmoja. Kujifundisha mwenyewe kulimpa jicho lililokuwa lake hasa. Kujitegemea kulimpa kamera na kampuni. Lakini haki ya kusimulia ilibaki kwa mwenye njia za usambazaji, na watu wa Korem walilipa sehemu kubwa ya gharama hiyo kwa kubaki bila majina katika picha iliyowafanya wajulikane duniani kote.

Suala hili si la kale. Leo vijana wengi wa Nairobi, Mombasa na Kisumu wanajifundisha kutengeneza filamu kwa simu zao, na njia za kusambaza kazi zao ziko mikononi mwa makampuni ya mbali yanayoamua ni picha ipi itaonwa na watu wengi. Wanafunzi wetu wa fasihi wana zana za kulikabili jambo hili, kwani dhana za fanani, hadhira na msimulizi zimekuwa katika mafunzo yao tangu mwaka wa kwanza. Ni matumaini yetu kwamba wataanza kuzitumia nje ya vitabu, na kwamba mmoja wao, siku moja, ataichukua filamu ya Korem, aizime sauti, kisha awatafute wale waliokuwepo uwandani alfajiri ile na ambao wangali hai, awaulize walikuwa wakimtazama nani.